Nipeni ungo nichambue mchele

Swali lenu la wiki hii mmeuliza mtu mkimya asiyependa makundi anafanikiwaje kazini, na anaishije vizuri na watu bila kujilazimisha kuwa mchangamfu. Nimelisoma nikiwa kwenye daladala narudi nyumbani nikasema hili siliachi lipite, maana "mbona umekaa kimya, unaumwa?" nimeanza kuulizwa niko darasa la kwanza na saivi nina miaka 41 bado naulizwa.

Mi ni mtu wa maabara, hospitali ya serikali, nimeanza nikiwa binti mdogo tu na sasa ndo msimamizi wa maabara yetu. Nimezaliwa Tanga, Ngamiani, kwenye zile barabara za namba, na mtu wa kwanza kunionyesha kwamba ukimya si ugonjwa alikuwa baba yangu ingawa hajawahi kunitamkia hivo. Baba alikuwa fundi cherehani. Jioni akifunga kazi anakwenda barazani kwenye bao, anakaa pale mpaka Isha, na masaa yote hayo anaweza asimalize sentensi kumi. Anaangalia kete tu. Bao lina mashimo 32 na kete 64, mchezaji mzuri anahesabu mbele mbali sana kabla hajagusa kitu, na wale wazee wakibishana walikuwa wanamgeukia baba, "ee fundi, hapo angechezaje?" na baba ananyoosha kidole kwenye shimo moja, basi, ubishi umekwisha. Siku asipotokea watu wanakuja mpaka mlangoni kwetu kumuuliza mama, fundi yuko wapi leo, mzima? Yaani asiyeongea ndo alikuwa anatafutwa. Nimekuja kulielewa ukubwani kwamba baba alikuwa na kazi pale barazani, kazi yake ilikuwa kuona.

Jibu langu ni hilo na mengine yote ntakayoandika yanatoka hapo. Usihangaike kujigeuza msemaji. Tafuta pale kwenye mkusanyiko ambapo mtu mkimya ana kazi, ishike hiyo kazi na uifanye mpaka watu waizoee kuwa ni yako.

Kwanza lakini tuelewane maana watu wanachanganya sana. Kuwa introvati, yaani mtu mkimya wa aina yetu, si kuwa na aibu. Mwenye aibu anatamani kuongea ila anaogopa ataonekanaje, na wako watu waongeaji kabisa wenye hiyo aibu. Sisi wengine hatuogopi mtu, ila tukikaa na watu wengi muda mrefu nguvu zinaisha, kichwa kinajaa, mtu unatamani ukae peke yako kwanza utulie. Neno lenyewe lilienezwa na daktari Mswisi Carl Jung mwaka 1921, na miaka ya 1960 kule Uingereza mwanasaikolojia Hans Eysenck na mke wake wakafanya jaribio moja ambalo mi mtu wa maabara lilinikaa moyoni, waliwadondoshea watu matone manne ya maji ya limau ulimini, wakakusanya mate kwa pamba na kuyapima, wale wakimya kwa wastani wakatoa mate mengi zaidi. Wazo la Eysenck ni kwamba ubongo wa mtu mkimya uko macho zaidi muda wote hivo kitu kidogo kinamfikia kwa nguvu. Ntasema pia, maana hatufichi majibu, kwamba kazi zake nyingine za baadaye kuhusu tabia na saratani zilipitiwa mwaka 2019 na chuo alichofundisha na nyingi zikaonekana si za kuaminika, kwa hiyo simfanyi msahafu. Ila la limau lilinisaidia kujua kwamba siringi. Limau langu ni kali tu.

Na kingine, kama zamani ulikuwa unapenda kitu na sasa hukipendi, hulali, huli, hutaki hata watu wako wawili watatu uliokuwa unawapenda, hiyo usiiite ukimya. Nenda hospitali ukaongee na mtu.

Sasa kazini. Mi nilianza vibaya na ntawaambia nilipokosea kwa sababu kuna watu waliumia. Mwaka wangu wa tatu slaidi za malaria, vile vioo vya damu tunavyosoma kwenye hadubini, zikaanza kutoka zimekolea bluu, vimelea havionekani sawasawa, madaktari wanalalamika majibu hayaeleweki. Maji ya kuchanganyia Giemsa, rangi inayofanya vimelea vionekane, yanatakiwa yawe na pH (kipimo cha uchachu) ya 7.2, mi nilikuwa nimeyapima kimya kimya jioni moja baada ya wenzangu kuondoka nikakuta yako juu ya hapo. Jibu nilikuwa nalo. Asubuhi kwenye mitingi mmoja akasema hadubini imechoka, mwingine akasema rangi ni feki, mwingine akaanza habari za bajeti ya kununua mashine mpya, wanapokezana maneno bila hata nafasi ya pumzi, na mi nakaa nasubiri wanyamaze ili niseme. Hawakunyamaza. Wiki tatu zimepita hivo mpaka fundi wa mkoani alipokuja kukagua akapima yale maji. Katika hizo wiki tatu wagonjwa walikuwa wanarudishwa kupimwa tena, nakumbuka mama mmoja alirudi mara ya pili na mtoto mgongoni, jua kali, kaja kwa miguu, na mi ndo nilimtoboa yule mtoto kidole tena nikijua kabisa kosa liko wapi. Usiku ule sikulala. Mwisho wa mwaka kwenye tathmini yangu bosi wa wakati huo akaandika "hajichanganyi na wenzake" na kwa kweli lile neno halikuniuma kama alivyoniuma yule mtoto.

Toka siku ile nikaacha kusubiri nafasi ya kuongea. Nikawa naandika. Nusu karatasi, jioni kabla ya mitingi, tatizo ni hili, nimepima hivi, nimepata hivi, naomba tufanye hivi, nampelekea msimamizi mkononi na kumwambia naomba ukaisome kesho mbele ya wote. Sentensi moja hiyo ya kumwambia mtu mmoja naiweza. Mara ya kwanza aliona ajabu, mara ya tano akaanza kuniuliza yeye mwenyewe, dada leo karatasi iko wapi? Kwa hiyo wewe mkimya mwenzangu usije ukasema nitaongea nikizoea, peleka maneno yako yatangulie, wewe ufuate nyuma.

Alafu nikaja kugundua kwamba maabara yenyewe inafanya kazi kwa njia yetu. Slaidi ikiwa ya kuhakiki ubora inasomwa na watu wawili, kila mmoja peke yake, hajui mwenzake kaandika nini, wakitofautiana anaitwa wa tatu. Na huwezi kuandika hakuna vimelea mpaka umepitia angalau fildi 100, yaani sehemu mia tofauti za slaidi unazoziona kwenye hadubini. Kwa nini tunawatenganisha wale wawili? Kwa sababu wa kwanza akisema kwa sauti "hii haina kitu" macho ya wa pili yanamfuata, hata awe mzoefu vipi. Sasa kama tunalijua hilo kwenye slaidi mbona kwenye mitingi tunamwacha mwenye sauti kubwa aanze, alafu wengine wote tunasoma slaidi yake? Na si mawazo yangu tu, mwaka 1958 chuo cha Yale kule Marekani waliwapa wanafunzi matatizo ya kutafutia mawazo, wengine makundi ya wanne wanne wakipiga kelele pamoja, wengine kila mtu peke yake kisha wakajumlisha kazi za wanne, na wale wa peke yao wakatoa mawazo karibu mara mbili. Nilivyopewa usimamizi nikaanzisha hivi kwetu: ajenda inatoka siku moja kabla, mitingi inaanza na dakika kumi za kuandika, kila mtu na karatasi yake, hakuna kusemezana, ndo tunasoma zote kwa zamu. Wa kwanza kulalamika walikuwa wale waongeaji na saivi ndo wanaoikumbushia. Mhudumu wetu wa usafi ambaye miaka yote hakuwahi kufungua mdomo kwenye kikao aliandika mstari mmoja kwamba friji ya vitendanishi, zile dawa za kupimia, mlango haufungi vizuri usiku, umeme ukikatika inapoteza baridi haraka. Mstari mmoja ule umetuokolea vitendanishi vya miezi.

Kuongoza pia nilikuwa naogopa nikidhani kiongozi ni lazima awe mtu wa hotuba. Mi siwezi kusimama kutia watu moyo asubuhi. Ninachoweza ni kuzunguka meza kwa meza kabla kazi haijaanza, dakika tano na kila mmoja, namuuliza jambo moja na nasikiliza mpaka mwisho. Mwaka 2011 ulitoka utafiti wa Marekani kwenye maduka ya pizza ulioonyesha kwamba palipo na wafanyakazi wenye mawazo yao wenyewe, duka linapata faida zaidi likiwa na kiongozi mtulivu, ila penye wafanyakazi wanaongoja kuambiwa kila kitu, mchangamfu ndo anafaa. Nimeona ukweli wake. Zamu ikiwa na vijana wapya watupu natamani kweli yule makamu wangu mchangamfu awepo, na huwa nampangia makusudi.

Nje ya kazi, kwa majirani na ukoo, hapa sikubaliani na watu wa pande mbili. Kuna wanaosema jilazimishe, ongea na watu wapya watano kila siku, utazoea. Nimejaribu, nilikuwa narudi nyumbani nimechoka kiasi kwamba watoto wangu walikuwa wanapata mabaki yangu. Na kuna hawa vijana wa saivi wanaosema mi introvati msinisumbue, msibani hawaendi, mgonjwa hawamwoni, pole anatuma kwenye grupu la WhatsApp kaweka na vimikono vya kuomba dua. Hapana jamani. Ukimya haukuondolei haki za watu zilizo juu yako.

Anza na salamu. Kwetu Tanga salamu ina urefu wake, hujambo, habari za toka juzi, watoto, mzee, za kazi, kwema? Wakimya wengi wanaiona adhabu, wanapita wameinamia simu, alafu mtaani wanaambiwa wana maringo. Mi naona salamu ni zawadi kwa mtu kama mimi kwa sababu maneno yote yameshatengenezwa, hubuni kitu, unayajua toka mtoto, unayatoa kwa ukamilifu wake unamtazama mtu usoni, dakika moja imeisha mmeachana vizuri. Bibi anayeuza mihogo pale kona yetu namwamkia shikamoo, nasubiri marahaba yake, namuuliza mguu unaendeleaje maana jana aliniambia unamuuma. Sisi wakimya tunakumbuka. Watu wanasahau sana nani aliwachekesha ila hawamsahau aliyekumbuka mguu wao.

Msibani ndo mtihani mkubwa. Mkeka mmoja, wanawake arobaini, kila mmoja na lake, na wewe umekaa katikati hujui uso uuweke wapi. Ninachofanya naenda mapema kabla watu hawajajaa, natoa pole yangu, nakaa na mfiwa kidogo nimemshika mkono bila kusema kitu, alafu naingia uani: shangazi, nipeni ungo nichambue mchele. Ukiwa na ungo mapajani hakuna anayekuuliza una nini. Mikono iko kazini, macho yako kwenye mawe na makapi, mazungumzo yanapita juu yako unachukua unachotaka, na huwa pembeni kuna mmoja mwingine kama wewe naye kajishikia ungo wake, mnaongea maneno matatu kwa saa zima na mkitoka hapo mmeshakuwa ndugu. Rafiki yangu mkubwa nimempata hivo, miaka kumi na mbili sasa.

Harusi vilevile. Kucheza mbele ya watu siwezi, nasaha za bi harusi siziwezi, ila kwenye kikao cha kwanza kabisa kabla hawajaanza kugawana kazi nasema daftari la michango nipeni mimi. Nani kaahidi, nani katoa, nani kabakisha, nani ametuma kwa simu na kwa jina la mtu mwingine, yote yako kwenye mistari yangu na hesabu inafunga mpaka shilingi ya mwisho. Siku ya shughuli nina meza yangu mlangoni, kila mgeni anapita kwangu mmoja mmoja, nawaamkia wote, na nikimaliza nakula pilau nakwenda zangu saa nne. Hakuna aliyewahi kununa kwamba nimeondoka mapema.

Ila yote haya yanakula nguvu na lazima uzirudishe, na nyumba zetu hizi za vyumba viwili watu sita upweke unautoa wapi? Mi nashuka vituo viwili kabla ya nyumbani natembea. Dakika ishirini hivi, sipokei simu. Baba watoto ni mwongeaji, mtu wa watu hasa, na miaka ya mwanzo ya ndoa alikuwa anadhani nimemnunia kila jioni, tuligombana sana kwa hili mpaka siku nilipomwandikia (eti mume na mke nyumba moja naandika barua, lakini ndo njia yangu) kwamba nikiingia nipe nusu saa, nusu saa tu, alafu ntakusikiliza habari zako zote za leo. Aliisoma akacheka akaikunja akaiweka kwenye pochi yake. Saivi nikiingia yeye ndo anawaambia watoto mwacheni mama kwanza.

Mwezi uliopita tumeletewa mwanafunzi wa fildi, binti mmoja mkimya kuliko hata mimi, wiki ya kwanza wenzake walishaanza kumwambia changamka dada. Nikamhamishia meza ya dirishani, nikampa kalamu na karatasi nikamwambia ukiona kitu niandikie, usingoje kuulizwa. Ijumaa kaniletea ukurasa mzima mbele na nyuma kuhusu sentrifuji yetu, mashine ya kuzungusha mirija ya damu, inavyotetemeka tukipakia mirija isiyolingana, na kachora na picha. Nimeisoma mara mbili. Jumatatu inasomwa ya kwanza kwenye mitingi, na jina lake nimeliandika juu.