Somalia 2022: kura ilipigwa na nani?

Swali: Assalaam alaykum, mhariri. Hapa Langoni, Lamu, tunabishana barazani. Mwaka 2022 jirani zetu Wasomali walipata rais. Je, raia walipanga foleni kama sisi? – Msomaji

Jibu: Wa alaykumu salaam. La, ndugu yetu, hawakupanga. Kila kiti cha Nyumba ya Watu (baraza la chini la bunge), vyote 275, kilipigiwa kura na wajumbe 101 wa ukoo. Maseneta 54 walichaguliwa, wengi wao na mabunge ya majimbo. Wabunge na maseneta hao ndio waliokutana Mogadishu kumchagua rais tarehe 15 Mei, ndani ya banda la ndege lenye ulinzi mkali. Duru ya kwanza ilidai theluthi mbili ya kura. Kwa kuwa hakupatikana mshindi, wanne wa juu waliendelea, kisha wawili. Hassan Sheikh Mohamud alianza wa tatu kwa kura 52, akamaliza na 214 dhidi ya 110 za Farmaajo, rais aliyekuwa madarakani, ambaye muhula wake ulikwisha Februari 2021.

Udhaifu wa mfumo huo tunauona hapo kwenye wajumbe 101: watu wachache hivyo ni rahisi kununuliwa au kutishwa. Nayo kura haikuleta usalama. Tarehe 29 Oktoba mwaka huo wa 2022 mabomu mawili ya gari yaliua watu wasiopungua 100 njia panda ya Zobe, Mogadishu. Mola awarehemu.