Msanii wa jukwaani, ukitaka kutengeneza dokumentari anza na masikio

Usianze na kamera. Utasikia mengi kuhusu lenzi na droni, lakini pesa yako ya kwanza nunulia maikrofoni ndogo ya kubana kwenye nguo na hedifoni nzuri. Picha ikitikisika kidogo mtazamaji huvumilia. Maneno yakimezwa na upepo wa pwani, ameshaondoka.

Nilisomea uigizaji Bagamoyo, pale ambapo wengi bado wanapaita Chuo cha Sanaa ingawa tangu 2007 ni TaSUBa, Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo. Tulifundishwa kutoa sauti imfikie aliyekaa nyuma kabisa. Kwenye dokumentari, sauti hiyo iache nyumbani. Ukimwuliza mtu kwa sauti ya jukwaani, naye atakujibu kwa sauti ya jukwaani: atanyoosha mgongo, atatafuta maneno ya mkutanoni, na ulichokifuata kitapotea.

Mafundi wa majahazi wa Nungwi, kule Unguja, ndio walionifundisha hili. Mzee anapokalafati, akishindilia pamba katikati ya mbao, nyundo yake ina mapigo yake. Usimkatize. Kaa chini, kamera iwe usawa wa mikono yake, ngoja. Akipumzika kuchukua pamba nyingine, ataanza mwenyewe kukueleza mbao zilitoka wapi na nani alimfundisha kazi. Hapo swali la nini tena?

Na hapo ndipo jukwaa linapokulipa. Sisi tumezoea kusoma mwili. Tunajua mtu anataka kugeuka kabla hajageuka, maana bega hutangulia. Wengine wakimkimbiza mhusika na kamera, wewe umeshasimama anapoelekea. Kwenye ngoma faida hii ni kubwa zaidi, kwa sababu unasikia mpigaji anapojiandaa kubadilisha mdundo. Usikubali mtu akuambie unaanza upya.

Ya kiufundi utajifunza. Umeme wetu ni hezi 50, kwa hiyo ndani ya nyumba weka kamera ichukue fremu (picha) 25 kwa sekunde, na shata, yaani muda kila picha inapopokea mwanga, iwe 1/50 ya sekunde, picha isimetemete chini ya taa. Kabla ya kufungasha, rekodi dakika nzima ya sauti ya mahali pale bila mtu kusema. Utaihitaji kwenye uhariri. Vibali shughulikia mapema: Bara ni Bodi ya Filamu, Zanzibar ni BASSFU, baraza la sanaa na filamu la huko, na cha upande mmoja usikitegemee upande wa pili.

Jambo ninalokuomba ulishike kuliko yote ni hili. Mhusika wa tamthilia humalizika pazia likifungwa. Huyu wa kwenye dokumentari kesho anaamka na jina lilelile, wateja walewale, wajukuu walewale. Mwonyeshe sehemu zake kabla filamu haijatoka. Mweleze itaonyeshwa wapi: kwenye tamasha kama ZIFF, lile la filamu la Zanzibar, au YouTube ambako jirani yake ataiona usiku huohuo. Akikuomba uondoe neno alilosema kuhusu nyumba yake, liondoe, hata kama ndilo zuri kuliko yote uliyorekodi.