Uajemi wa kale: anza ghalani, vita vitakusubiri

Wengi wanaoanza kusoma historia ya Uajemi wa kale huingilia mlango wa Ugiriki. Wanasoma Marathon ya mwaka 490 KK, wanasoma Thermopylae ya 480 KK, kisha wanarukia Aleksanda Mkuu akiichoma Persepolis, mji wa wafalme wa Uajemi, mwaka 330 KK. Siwalaumu. Wafalme wa nasaba ya Akemenidi, waliotawala Uajemi wakati huo, hawakutuachia kitabu cha historia hata kimoja, na simulizi ndefu tulizonazo ziliandikwa na Wagiriki, yaani watu waliopigana nao. Tatizo ni kwamba ukishaingilia mlango huo, Mwajemi anakuwa mvamizi tu, na kila unachosoma baadaye unakipanga kumzunguka mvamizi huyo.

Mimi nawashauri wanaoanza waanze ghalani. Mwaka 1933 wachimbaji wa Chuo Kikuu cha Chicago, wakiongozwa na Ernst Herzfeld, walikuta maelfu ya vibao vya udongo ndani ya ngome ya Persepolis. Vingi vimeandikwa kwa Kielamu, lugha ya jirani zao Waelamu, kwa mwandiko wa kikabari (alama za umbo la kabari), na ni vya miaka ya 509 hadi 493 KK, wakati wa mfalme Dario wa Kwanza. Ndani yake hamna vita wala hotuba. Kuna shayiri, mvinyo, bia na kondoo: nani katoa, nani kapokea, kiasi gani, kwa mhuri wa nani. Kuna posho za vibarua, za wasafiri wenye barua ya ruhusa, hata za farasi. Mwanamke aliyejifungua alipata nyongeza, na aliyezaa mvulana alipewa mara mbili ya aliyezaa msichana. Kuna matoleo kwa Ahura Mazda, mungu mkuu wa wafalme wa Uajemi, na hapo hapo kuna matoleo kwa Humban, mungu wa Waelamu, yote kutoka stoo moja ya serikali. Ukishaona hilo, utasita kidogo kabla ya kuandika kwamba milki ile ilikuwa na dini moja rasmi.

Karani wa ghala naye ana mipaka yake. Anaandika ya eneo la Persepolis na jirani zake, kwa miaka michache tu, wala hajui kodi ya Misri. Uzuri wake ni kwamba hana haja ya kukushawishi.

Sasa nenda Bisotun, magharibi mwa Iran, kwenye mwamba ambako Dario mwenyewe anazungumza kwa lugha tatu: Kiajemi cha kale, Kielamu na Kibabeli. Anasema mfalme Cambyses, mwana wa Koreshi mwanzilishi wa milki, alimuua kwa siri ndugu yake Bardiya. Kisha Mmajusi aitwaye Gaumata akajifanya ndiye Bardiya na kunyakua ufalme, mpaka Dario na wenzake wachache walipomuua mwaka 522 KK. Herodotus, mwanahistoria Mgiriki wa karne ya tano KK, anatoa hadithi karibu ile ile, na kati ya wasaidizi sita wa Dario anaowataja, majina matano yanalingana na orodha ya mwamba. Mwanafunzi mpya hufurahi hapa: mashahidi wawili, Mwajemi na Mgiriki, wamekubaliana!

Tulia kwanza. Maandishi ya Bisotun yako juu mno, msafiri wa barabarani hawezi kuyasoma. Dario anasema alisambaza maneno yake katika nchi zote, na kweli nakala ya Kiaramu imepatikana Elephantine, kusini mwa Misri. Kwa hiyo kauli ya mfalme ilikuwa imeshazunguka kwa miongo kadhaa kabla Herodotus hajashika kalamu. Kinachoonekana kuwa ushahidi wa watu wawili huenda ni sauti moja iliyopita njia mbili. Halafu soma maandishi ya Xerxes, mwana wa Dario, huko Persepolis. Anasema baba yake alipopewa ufalme, baba na babu wa Dario walikuwa bado hai. Mrithi wa kawaida angepataje zamu yake mbele ya hao wawili? Ndiyo maana wanahistoria wengi leo wanashuku kwamba aliyeuawa alikuwa Bardiya wa kweli, na Gaumata ni hadithi ya mshindi. Mimi naegemea huko, ingawa ushahidi wa kufunga kesi haupo. Tabia ninayotaka uizoee ni hii: kabla ya kuhesabu mashahidi, uliza kila mmoja alilisikia wapi.

Cambyses ni mazoezi mazuri ya pili. Herodotus anamchora kama mwendawazimu aliyemchoma kisu fahali mtakatifu Apis kule Misri. Lakini Saqqara kuna jeneza la jiwe la Apis lenye jina la Cambyses kama aliyelitoa. Udjahorresnet, ofisa Mmisri aliyekuwa tabibu wake, anaandika kwamba mfalme aliheshimu hekalu la mji wa Sais. Hapo wengi hugeuka ghafla na kumfanya Cambyses malaika. Usifanye hivyo. Udjahorresnet alikuwa mtumishi wa mfalme mgeni na alikuwa na sababu ya kujisafisha. Jambo lenye faida zaidi ni kutafuta chuki ilitoka wapi, na kuna fununu: karatasi moja ya mafunjo inaeleza kwamba Cambyses alipunguza mapato ya mahekalu mengi. Herodotus alifika Misri miaka mingi baadaye na kuwasikiliza makuhani.

Silinda ya Koreshi, pipa dogo la udongo lenye maandishi lililopatikana Babeli mwaka 1879, itakufikia kupitia simu yako ikiitwa tamko la kwanza la haki za binadamu. Sifa hiyo ilipata nguvu mwaka 1971, Shah, mfalme wa Iran, alipoadhimisha miaka 2,500 ya ufalme. Isome yenyewe. Inamsifu Marduk, mungu wa Babeli, haiwataji Wayahudi, haifuti utumwa, na inafuata desturi ya wafalme wa Babeli waliotangulia. Tafsiri inayosema vinginevyo ni ya kughushi, na imesambaa sana.

Majina yatakusumbua. Koreshi wa kitabu cha Ezra katika Biblia ndiye Cyrus wa vitabu vya Kiingereza na Kurush wa maandishi yake. Ahasuero kwa kawaida hulinganishwa na Xerxes, na Artashasta ndiye Artaxerxes. Fungua ukurasa wa majina kwenye daftari lako tangu siku ya kwanza. Na takwimu ziandike na mwenyewe: askari 1,700,000 wa Xerxes si idadi, ni dai la Herodotus.

Kwa tuliokulia pwani kuna mtego wa ziada. Persepolis iko kilomita 60 hivi kutoka Shiraz, na mtu hushawishika kuunganisha Dario na Washirazi wetu. Maandishi ya msikiti wa Kizimkazi ni ya mwaka 1107 BK. Kati ya hapo na Dario kuna watawala Waparthi, kuna nasaba ya Wasasani iliyoanguka mwaka 651, kuna Uislamu. Wenyeji wa Shiraz nao walikuwa wameliita kaburi la Koreshi kule Pasargadae kaburi la mama yake Suleimani. Utafiti wa Washirazi ni mzuri, ila ni somo jingine lenye vyanzo vyake.

Kuhusu lugha: Kiajemi cha kale kina herufi chache na matini machache, kinavutia lakini hakikupeleki mbali peke yake. Kigiriki na Kiakadi (lugha ambayo Kibabeli ni lahaja yake), au Kielamu ukipata mwalimu, vitakufaa zaidi, pamoja na Kifaransa cha kusomea. Chicago wameweka vitabu vyao vingi vya uchimbaji mtandaoni bure. Pakua matini ya vibao, chagua kumi vyenye mhuri wa Parnakka, mkuu wa ghala zile. Katika agizo lake mojapo utakuta kondoo 100 kwa Irtashduna, kwa amri ya mfalme. Huyo ndiye Artystone, ambaye Herodotus anasema Dario alimpenda kuliko wake zake wote.