Kamera Iielekee Taa Iliyoungua

SWALI: Dada, mimi ni mhudumu wa kituo cha mafuta Kisumu, upande wa Kondele. Mwezi wa Machi, saa nane usiku, wanaume watatu walinikuta peke yangu kwenye pampu. Walinikata mkono kwa panga wakachukua mauzo ya zamu nzima. Sasa bosi ananikata pesa hizo kwenye mshahara. Binamu yangu hupiga video za harusi, na tunataka kutengeneza filamu ya hali halisi kuhusu sisi wa zamu za usiku. Nianzie wapi nisije nikaharibu kesi?
Mhudumu, Kondele

JIBU: Pole sana, mdogo wangu. Vidole vinakunja? Hukusema, nami ningependa kujua.

Mimi niliporwa Nakuru, kwenye kibanda cha M-Pesa, bastola ikiwa chini ya sikio. Filamu yangu niliianza vibaya: dakika kumi za kwanza zilikuwa kovu na kilio changu. Wenye maduka walipoitazama walilia nami, wakanichangia, wakaenda zao. Hakuna aliyebadilisha hata komeo. Tukaikata upya. Tukaonyesha mlango usiofungika kwa ndani, balbu iliyoungua, na jumbe nilizomwandikia bosi nikiomba fundi. Safari hii waliulizana bei ya mlango wa chuma. Kwa hiyo binamu yako apige picha ya giza la pale pampuni, na kiti kimoja cha mtu mmoja anayelinda pesa zote. Nani aliamua uwe peke yako? Hilo ndilo swali la filamu yako.

Lakini karatasi kwanza. Uwe na nambari ya OB, yaani ya kitabu cha matukio cha polisi, na fomu ya P3, ile ya polisi ya kuthibitisha majeraha, iliyojazwa na daktari, kisha utoe nakala. Dai la fidia chini ya Sheria ya Mafao ya Majeraha Kazini ya 2007 lina muda wa miezi 12 tangu siku ya tukio, basi hesabu kuanzia Machi. Kuhusu mshahara, Sheria ya Ajira ya 2007 inaruhusu kukata upungufu uliotokana na uzembe au udanganyifu wa mfanyakazi. Aliyekatwa panga amezembea wapi? Peleka malalamiko ofisi ya kazi ya kaunti, ukiwa na hati zako za mshahara.

Nyuso za washukiwa msizionyeshe, wala msimhoji shahidi yeyote kabla hajafika kortini. Muulize kwanza kiongozi wa mashtaka. Wenzako wanaoogopa kufutwa, chukua mikono yao na sauti tu, na wakubali kwa maandishi.

Na nakusihi, usikubali kuigiza usiku ule. Mimi niliigiza mara moja, kwa ajili ya picha nzuri, nikakosa usingizi wiki tatu. Binamu aende usiku na mtu mwingine, achukue pampu tupu. Wewe simulia mchana, nyumbani, mama akiwa karibu.