Karanga Zilirutubisha Udongo, Mbona Mahindi Yamekuwa Njano?

SWALI: Habari za kazi, mtaalamu. Ninalima Nachingwea, mkoani Lindi. Msimu uliopita nilipanda karanga, nusu ya eneo likiwa chini ya mikorosho, kwa kuwa tunaambiwa karanga hurutubisha udongo. Wakati wa kung'oa niliona vipele vidogo vidogo mizizini. Jirani akasema ni ugonjwa. Msimu huu nimepanda mahindi palepale bila mbolea, na majani ya chini yanageuka njano kuanzia nchani, njano inaingia ndani kwa kufuata mshipa wa katikati. Je, mbolea ya karanga imekwenda wapi? Au vile vipele ndivyo vilivyoharibu shamba?
*Mama mkulima, Nachingwea*

JIBU: Vipele havina kosa, mama. Mbolea unayoiulizia, sehemu kubwa uliibeba mwenyewe siku ya mavuno ukaipeleka nyumbani.

Mbolea hiyo ni naitrojeni, na hewa tunayovuta, asilimia 78 yake ni hiyo naitrojeni. Tatizo ni kwamba atomu zake huenda mbilimbili, zimeshikana kwa kifungo cha mara tatu ambacho mmea wenyewe hauwezi kukikata. Kiwandani hukatwa kwa joto la nyuzi 400 hadi 500 na mgandamizo mkubwa mno; huko ndiko mbolea ya urea inakoanzia. Bakteria wa udongoni wanaifanya kazi hiyohiyo kwa joto la shamba lako, kwa kutumia kimeng'enya kiitwacho naitrojenesi, chenye madini ya chuma na molibdeni ndani yake. Vile vipele, au vinundu, ndiyo makazi yao. Martinus Beijerinck wa Uholanzi aliwatenga bakteria hao kutoka kwenye vinundu mwaka 1888.

Mzizi wenye njaa ya naitrojeni hutoa kemikali za kuwaita, nao bakteria hujibu kwa kemikali zao. Kwenye kunde na soya huingilia kwenye vinyweleo vya mzizi. Karanga ina mlango wake: wanapenya kwenye ufa mdogo pale mzizi wa pembeni unapochomoza kutoka kwenye mzizi mkubwa, ndiyo maana vinundu vyake huvikuta kwenye maungio ya mizizi.

Jirani yako hakuwa mjinga, kwani minyoo fundo nayo hutoa uvimbe. Ila uvimbe wa minyoo ni mzizi wenyewe ulionenepa, huwezi kuubandua. Kinundu kimekaa ubavuni, ukikisukuma kwa kidole kinatoka. Karanga zikiwa kwenye maua, chimbua mche mmoja kwa jembe (ukivuta, vinundu vinabaki ardhini), kisha pasua kinundu kwa ukucha. Ndani kukiwa kwekundu au rangi ya waridi, kazi inaendelea. Wekundu huo unatokana na protini ya jamii moja na ile inayoipa damu yetu rangi. Inawagawia bakteria oksijeni kidogo kidogo, kwa sababu oksijeni ikizidi huharibu naitrojenesi. Weupe maana yake kinundu ni kichanga au bakteria wake hawafanyi kitu. Kijani au kahawia, kimezeeka.

Sasa mikorosho. Kukata molekuli moja tu ya naitrojeni kunakula molekuli 16 za ATP, nishati ya chembe hai, na nishati hiyo hutoka kwenye sukari ambayo majani hutengeneza kwa jua. Karanga iliyo chini ya mikorosho iliyofunga kivuli haina sukari ya kugawa, hivyo hata vinundu vikiwepo kazi ni ndogo. Kuna na salfa tunayopulizia mikorosho dhidi ya ubwiriunga, ule ugonjwa wa ukungu mweupe kama unga. Inayodondoka chini hugeuzwa asidi na vijidudu vya udongoni, na kwenye mchanga wetu asidi hupanda upesi. Udongo wenye asidi huwasumbua bakteria na kuifanya molibdeni isipatikane vizuri. Mimi chini ya mikorosho mikubwa nisingepanda karanga kabisa.

Turudi kwenye mavuno. Naitrojeni iliyotengenezwa kinunduni haimwagwi udongoni kama mtu anavyodhani. Inapanda juu, inajenga majani, kisha inahamia kwenye mbegu. Karibu robo ya uzito wa karanga iliyobanguliwa ni protini, kwa hiyo kilo 100 zinaondoka na takriban kilo 4 za naitrojeni. Iliyobaki imo kwenye mashina na majani. Nasi tunang'oa mche mzima, tunaupeleka uani, tunachambua kule, mbuzi wanamalizia. Shamba linabaki na vipande vya mizizi.

Mahindi yako dalili zake ni za kukosa naitrojeni, hakuna zaidi. Kama hayajatoa mbelewele, weka mbolea ya kukuzia sasa, udongo ukiwa na unyevu. Mwakani chambulia karanga shambani, utawanye mashina na majani palepale. Kama mbuzi lazima wale, basi samadi yao irudi shamba lilelile.

Kwa kurutubisha, mbaazi naipa nafasi ya kwanza. Inakaa shambani baada ya mahindi kuvunwa, mizizi yake inakwenda chini sana, na majani yanadondoka yenyewe bila mtu kuyabeba. Bakteria wake kwa kawaida wamo tayari udongoni, sawa na wa karanga, kunde, choroko na njugu mawe. Soya ndiyo huchagua: penye udongo usiowahi kuiona, mbegu hupakwa bakteria kabla ya kupanda, kivulini, na kufukiwa siku hiyohiyo. Miti ya mbaazi chukua kuni ukipenda. Yale majani yaliyodondoka usiyakusanye, na unapoandaa shamba usiyachome, maana moto unairudisha naitrojeni hewani kabla mvua za Desemba hazijafika.