Muziki Mzuri Ambao Filamu Haikuuhitaji

SWALI: Mheshimiwa Mhariri, nimesomea piano na nimetunga muziki wa filamu fupi mbili za wanafunzi wenzangu. Katika ile ya pili mwongozaji aliondoa zaidi ya nusu ya nilivyotunga, akisema kwamba muziki ni mzuri ila filamu haiuhitaji. Nilivunjika moyo. Je, kazi hii naiweza, na mtu huishije kwa kuifanya?

JIBU: Ndugu msomaji, yaliyokupata yamewapata waliokutangulia, tena wenye majina makubwa. Mwaka 1968 mtunzi Alex North alikwenda kutazama filamu ya 2001: A Space Odyssey, na humo ndimo alimogundua kwamba muziki aliokuwa amemtungia mwongozaji wake, Stanley Kubrick, haukutumika. Kubrick alibaki na rekodi za watunzi wengine, ambazo awali ziliwekwa kwa muda tu wakati wa uhariri. Desturi hiyo ya muziki wa muda ipo hadi leo, na ndiyo inayowatesa watunzi wengi, kwa sababu mwongozaji akishausikiliza kwa majuma kadhaa sikio lake huuzoea, na chochote kitakacholetwa baadaye humwia kigeni. Ukikuta umewekwa, usimuulize kama anaupenda. Muulize anapenda nini ndani yake, kama ni mwendo, ala, au pale unaponyamaza.

Naamini kosa lenu, lako na la mwongozaji wako, lilitokea kabla hujaandika nota hata moja. Kabla ya kutunga, mtunzi, mwongozaji na mhariri wa picha hukaa pamoja wakaitazama filamu tukio kwa tukio, wakaamua muziki uingie wapi, utoke wapi, na kwa sababu gani. Kikao hicho hakimzuii mtunzi kuwa na rai yake. Mwongozaji Alfred Hitchcock alitaka tukio la mauaji bafuni katika Psycho, filamu ya mwaka 1960, lisiwe na muziki wowote. Mtunzi wake, Bernard Herrmann, akaliandikia hata hivyo, kwa ala za nyuzi peke yake, na Hitchcock alipolisikia akabadili uamuzi wake. Angalia kwamba kilichomshawishi si maneno, ni muziki wenyewe.

Baada ya kikao huja hesabu. Filamu ya sinema kwa kawaida huenda kwa picha 24 kila sekunde, na televisheni katika nchi nyingi kwa picha 25; mhariri akipunguza sekunde mbili baada ya wewe kumaliza, kila kitu kinachofuata husogea. Kwa hiyo mkataba utaje siku ambayo uhariri wa picha utafungwa, na malipo ya ziada ukifunguliwa tena.

Kuhusu kuanza, wachache huingia moja kwa moja. Kabla ya kujulikana kwa utunzi wa filamu, Ennio Morricone alikuwa mpiga tarumbeta na mpangaji wa muziki wa watu wengine. Mtunzi mwingine, John Williams, naye alipiga piano katika rekodi za filamu zilizotungwa na wenzake. Kumsaidia mtunzi mzoefu kunakili nota za wapigaji, kupanga sauti za okestra au kuandaa rekodi si kazi ya kudharau. Tamthilia za televisheni nazo ni shule kali, kwani sehemu mpya hudai muziki mpya kabla hujapumzika.

Kipato huja kwa njia mbili: ada ya utunzi, na mirabaha kila kazi inaporushwa hewani. Mirabaha hutegemea fomu inayoorodhesha kila kipande cha muziki, mtunzi wake, muda wake na namna kilivyotumika. Fomu isipowasilishwa kwa chama cha hakimiliki, fedha yako haitakufikia hata kama tamthilia inatazamwa kila siku. Jihadhari pia na malipo ya mkupuo ambayo ndani yake wewe ndiwe unayelipa wapigaji na studio. Nimeona watunzi waliomaliza kazi ya namna hiyo wakiwa na deni.

Vile vipande vilivyoondolewa usivifute. Soma ulichosaini: kama hukuhamisha hakimiliki, bado ni mali yako. Muziki ule wa North ulikuja kurekodiwa na okestra chini ya uongozi wa Jerry Goldsmith na kutolewa mwaka 1993, miaka miwili baada ya North kufariki.