Uso wa Shangazi

Mhariri, wiki hii mmeuliza bashasha maana yake nini na neno hilo limetoka wapi. Asili yake ni Kiarabu, mzizi b-sh-sh: uchangamfu wa uso unapomlaki mtu. Wanaolifanya ndugu wa bashiri na bishara wanakosea; hayo ni ya mzizi b-sh-r, wa habari njema.

Linalonigusa mimi ni jingine: kwa nini tuazime ilhali tuna ukunjufu? Tazameni lilivyoundwa. Funga, fungua. Ziba, zibua. Kunja, kunjua. Aliyekunja uso akaukunjua, huyo ndiye mkunjufu. Hata mtoto anaiona maana.

Nilikaa chini kuutetea msimamo huo. Lakini kila nikitafuta mfano wa bashasha namwona shangazi yangu, siku ya nne baada ya kumzika mumewe. Kila mgeni aliyeingia alimwinukia, akamshika mikono yote miwili, akamwita kwa jina, akamuuliza habari za watoto wake mmoja mmoja, na uso unang'aa. Nilikuwa na miaka 17, na marehemu nilimpenda sana. Niliona aibu, kisha hasira. Jioni akikusanya vikombe nikamwambia, "Shangazi, watu watadhani umefurahi."

Akakiweka chini kikombe alichoshika. "Mwanangu, hawa wametoka makwao kwa ajili yangu. Hawakuniulia mume."

Akaendelea na vikombe vyake. Usiku nilimsikia akilia upande wa pili wa ukuta hadi nikapitiwa na usingizi. Asubuhi ilipopigwa hodi, akainuka vilevile.

Je, yule ningemwita mkunjufu? Siwezi. Hakuna kilichokuwa kimekunjuka ndani yake. Alichowapa wageni ni bashasha, na sasa naona kwa nini tunasema watu wamepokewa kwa bashasha. Furaha mtu aweza kuwa nayo peke yake chumbani. Bashasha lazima awepo mwingine wa kuipokea.

Basi neno libaki, ingawa mtoto anayejifunza bado ningemwanzishia ukunjufu. Wala sisemi kila mfiwa adaiwe uso ule. Mwaka juzi nilipofiwa na mama sikuuweza. Nilijifungia ndani, na shangazi ndiye aliyesimama mlangoni kunipokelea wageni.